Wageni Wote Walijua Isipokuwa Bibi Harusi

Nina umri wa miaka thelathini na saba, mama wa msichana mmoja, na kazi yangu ni kushona sare za shule hapa Machakos mjini. Barua hii nimeiandika kichwani mara nyingi kabla ya kushika kalamu. Kila nikianza, naishia njiani... na wala si kwa huzuni. Huzuni ilikwisha zamani. Ni hasira! Wasomaji wenzangu, mkiona nimetumia maneno makali, nivumilieni. Someni mpaka mwisho, halafu mniambie kama sina haki.

Mama yangu alifariki nikiwa darasa la sita. Aliyenilea ni mdogo wake, mama mdogo Syombua, nyumbani kwake Mumbuni. Alikuwa na watoto wake wawili, nikawa wa tatu. Hakunibagua. Kama ni viatu vya Krismasi, tulipata sote au tukakosa sote. Nalisema hili mapema kwa sababu bila kulijua hamtaelewa kwa nini alichonifanyia baadaye kiliniuma kuliko yote.

Nilifika miaka ishirini na tisa bila kuolewa. Mimi sikuwa na haraka. Mama mdogo ndiye aliyekuwa nayo! Kila tukitoka kwa harusi ya mtu, angeketi kitandani, avue viatu polepole na kuanza kuwataja: fulani ameolewa, fulani ana watoto wawili, na huyu wa leo ulimwacha nyuma shuleni. Kisha anaguna. Mguno ule niliuchukia.

Cherehani yangu ilikaa barazani kwa duka la vitambaa la Bi Zuhura. Huyu ni mama wa Kiislamu ambaye wazee wake walitoka pwani zamani sana wakaanza biashara mjini kwetu. Ndipo alipokuja Kyalo.

Kyalo alileta suruali ikatwe miguu. Alikuwa msimamizi kwenye machimbo ya mawe upande wa Lukenya, na hata akioga vipi, vumbi jeupe lilibaki kwenye nyusi zake. Alivua kofia yake kunisalimu! Nani anavua kofia kumsalimu fundi wa nguo? Wiki iliyofuata alileta suruali nyingine. Halafu akaleta ya tatu ambayo haikuwa na shida yoyote. Nilicheka. Na nilipocheka, nilikuwa nimekwisha.

Baada ya miezi sita alisema anataka kunioa. Mama mdogo alifurahi mpaka akaimba jikoni! Kyalo alileta ntheo, wale mbuzi wa kufungua mlango kwa mila yetu Wakamba. Kisha mama mdogo na wajomba zangu wawili wakaenda kwao Kithyoko, kule Masinga karibu na mto Tana, kuona boma. Mimi sikupelekwa. Niliambiwa bibi harusi haingii kwa mume mpaka aingizwe kwa shangwe.

Walirudi siku ya pili, mchana. Nikamkimbilia mama mdogo mlangoni.

"Mlionaje?"

"Ni watu wazuri. Boma ni kubwa."

"Na mama yake?"

"Wote wazuri, Mwikali. Wacha nilale kidogo, nimechoka."

Mama mdogo hajawahi kulala mchana tangu nimjue. Hata akiwa na malaria alikuwa anachambua maharagwe. Lakini siku hiyo aliingia chumbani akafunga mlango... na mimi mjinga nikadhani ni uchovu wa barabara!

Mimi nilitaka harusi ya kanisa. Nilitaka majina yetu yatangazwe Jumapili tatu, kwetu na kwao, kama watu wote. Kyalo akatikisa kichwa.

"Mwikali, kanisa ya kwetu iko na maneno mingi sana," aliniambia. "Wakitangaza mara tatu, watu wataanza siasa. Tufunge kwa serikali, kidogo tu, mimi na wewe na mashahidi. Halafu Desemba nakufanyia sherehe. Kithyoko nzima itakula!"

Nilimweleza Bi Zuhura. Yeye hakushangazwa na udogo wa harusi. Alisema hata kwao nikahi inaweza kufanyika sebuleni kwa watu wachache, na karamu ikaja baadaye. Lakini aliuliza kitu kimoja.

"Na hao wachache, mwanangu, ni akina nani? Mama yake atakuwepo? Ndugu zake?"

Nikasema mama yake ana presha, hasafiri. Bi Zuhura akaendelea kupima kitambaa. Niliona ana wivu! Mama wa watu mwenye wajukuu tisa, mimi nikamwona ana wivu!

Tulifunga ndoa mwezi wa Aprili, siku ya Alhamisi. Karatasi ya majina yetu ilikuwa imebandikwa kwenye ubao wa ofisi kwa wiki tatu, lakini ni nani wa Kithyoko angepita pale kuisoma? Tulikuwa watu watano: sisi wawili, mama mdogo kama shahidi wangu, rafiki wa Kyalo wa kazini kama shahidi wake, na karani. Nilivaa gauni la rangi ya maziwa nililojishonea. Kisha tukaenda hotelini, tukala kuku na chapati.

Nitasema ukweli. Siku ile nilifurahi. Hakukuwa na kelele, hakukuwa na wa kunitazama viatu. Mume wangu alinishika mkono mezani mbele za watu. Mama mdogo alilia kidogo. Nilidhani anamkumbuka mama yangu.

Tukapanga nyumba hapo Mumbuni. Kyalo alikuja wikendi kutoka Lukenya. Lakini kila mwisho wa mwezi ilikuwa lazima aende Kithyoko peke yake. Nikisema twende wote, jibu ni lile lile. Ngoja Desemba, uingie kwa shangwe.

Na dalili zilikuwepo! Mimi ni fundi. Siku moja nilikuwa nafua shati lake la kazi nikaona kola imegeuzwa, upande uliochakaa ukawekwa ndani, ikashonwa kwa mkono. Mishono midogo, imenyooka, ya mtu mwenye subira. Fundi wa mjini hafanyi kazi kama hiyo. Kazi hiyo hufanywa na mtu anayekaa na mwenye shati.

"Nani alikushonea hii?"

"Ni shangazi," akasema, bila hata kugeuka.

Nikalianika lile shati. Nikalianika! Mara ngapi nimejilaumu kwa lile shati?

Agosti nikajua nina mimba. Kyalo akaninunulia machungwa. Nikaanza kushona gauni la sherehe, jeupe safi, na kila baada ya wiki mbili nikilipanua kiunoni. Kadi zikachapishwa. Kina mama wa chama cha mama mdogo wakafanya mazoezi ya nyimbo uani kwetu kila Jumamosi. Walikuja, wakanywa chai yangu, wakanipapasa tumbo, wakaimba. Kumbukeni hao akina mama.

Siku ya sherehe tulikodi basi, tukafika Kithyoko kabla ya saa sita. Jua la kule halina huruma. Lakini jamani, mapokezi! Vigelegele kutoka barabarani mpaka langoni. Hema kubwa, keki ya ngazi tatu, mtu wa video akirudi kinyumenyume mbele yangu. Mama mkwe, ambaye niliambiwa presha haimruhusu kusafiri, alicheza ngoma mpaka vumbi likapanda! Nikaonyeshwa nyumba yangu, mpya, imepakwa rangi. Karibu nayo kulikuwa na nyumba nyingine, mlango umefungwa.

"Hiyo ni ya nani?"

"Ya ndugu yangu," akasema Kyalo.

Wageni walipokuwa wakila, joto lilinishinda. Mgongo ulikuwa unauma. Nikajinyanyua pale meza ya mbele, nikazunguka nyuma hadi jikoni, kwenye kivuli cha mabati, nikaomba maji. Mama mmoja aliyekuwa anakoroga sufuria kubwa ya wali aliacha mwiko, akanivutia kiti, akanipa maji kwa kikombe chake mwenyewe, akaketi kando yangu. Alikuwa mwembamba, leso kichwani, macho mekundu kwa moshi.

"Ni wa kwanza?" akaniuliza, akitazama tumbo.

"Ndio, wa kwanza."

"Weka mto nyuma ya mgongo ukilala. Wangu wa pili alinisumbua hivyo hivyo."

Nikamshukuru. Nilimpenda palepale. Nilijisemea, nikija kuishi hapa, huyu atakuwa rafiki yangu.

Ndipo akaingia shangazi yake Kyalo, mzee wa furaha nyingi, ameshika sahani. Alituona tumeketi pamoja akaweka sahani chini na kupiga makofi.

"Tazameni! Wake wa Kyalo wameketi kama mtu na dada yake! Mungu azidishe!"

Nikacheka. Kweli, nilicheka. Nikamwambia, "Shangazi, umesahau. Mke wa Kyalo ni mimi peke yangu."

Hakuna aliyecheka. Wanawake wote pale jikoni wakainama kwenye kazi zao. Yule aliyenipa maji akanigeukia.

"Kwani hukuambiwa?" akasema.

"Kuambiwa nini?"

"Mimi naitwa Kalondu. Niko hapa miaka kumi na moja. Niko na watoto watatu wa Kyalo. Hiyo nyumba yenye imefungwa ni yangu."

Akaendelea, sasa na yeye sauti imeanza kupanda.

"Mimi niliambiwa unajua kila kitu! Niliambiwa ni wewe ulisema hutaki kuniona meza ya mbele, nikae jikoni nipike. Nimepika tangu jana, nikikuchukia. Kumbe na wewe..."

Kikombe chake kilikuwa bado mkononi mwangu. Nilikiweka chini polepole, maana nilihofia nitakivunja.

Nilirudi hemani moja kwa moja hadi kwa mama mdogo. Alikuwa anakula. Nikasimama mbele yake na gauni langu jeupe.

"Ulijua?"

"Mwikali, keti. Watu wanatazama."

"Mama mdogo, ulijua?"

Akaweka mfupa kwenye sahani. Akapangusa vidole. "Ungejua ungekataa," akasema.

Ungejua ungekataa! Sikilizeni jibu hilo, wasomaji! Aliona boma, akamwona Kalondu, akaona watoto watatu, akarudi Mumbuni akalala mchana. Kisha akaenda kuwa shahidi wangu, akaweka sahihi! Na pale ndipo nilipoelewa kwa nini harusi ilikuwa ndogo. Jumapili tatu za matangazo zingemfikia Kalondu akiwa ameketi kanisani na watoto wake. Angesimama! Mchungaji angeuliza. Ndoa ingekwama. Basi wakaifunga mahali ambapo hakuna wa kusimama, na baada ya kufunga ndipo wakaita watu waje kushangilia kitu ambacho hakiwezi tena kupingwa.

MC alikuwa ameanza kuita watu kwa keki. Nikamfikia, nikachukua maikrofoni mkononi mwake. Alidhani nataka kushukuru wageni, akanipigia makofi.

"Nina swali moja," nilisema. "Ni nani hapa alijua kwamba bwana harusi ana mke? Kama ulijua, inua mkono."

Hema zima! Watu zaidi ya mia tatu wakatazama sahani zao. Wajomba zangu wawili wakatazama sahani zao. Wale kina mama wa chama, waliokunywa chai yangu kila Jumamosi na kunipapasa tumbo, sikuona hata mmoja aliyeshangaa. Mngewaona! Mtu aliyesikia jambo kwa mara ya kwanza hufungua mdomo. Wao walifunga. Kulikuwa na mzee mmoja safu ya pili aliyeendelea kuguguna mfupa kana kwamba sikusema kitu. Uso wa mzee yule sitausahau.

Mkono mmoja tu uliinuka. Kalondu alikuwa amesimama pembeni ya hema, mwiko mkononi.

"Mimi nilijua," akasema kwa sauti ya kusikika bila maikrofoni. "Lakini mimi sikuulizwa."

Kyalo akanijia akitabasamu, yale meno ya kuonyesha wageni. Akaninong'oneza, "Mwikali, unaniaibisha mbele ya watu wangu."

"Mimi? Mimi ndiye ninayekuaibisha?"

Alijaribu kuninyang'anya maikrofoni. Nikaiachia ikaanguka, ikapiga kelele mbaya. Na unajua MC alifanya nini? Aliweka muziki! Alifungulia muziki kwa sauti ya juu kabisa, na yule wa video akaendelea kupiga picha, na mama mkwe akawaambia watu wakate keki. Walikata keki! Waliikata bila bibi harusi na wakaila!

Niliketi ndani ya basi lililotuleta, peke yangu, saa mbili nzima, nikiwangoja wamalize kula. Baadaye Bi Zuhura, aliyekuwa amesafiri nasi, akaja, akaketi kando yangu, akaweka mkoba wangu magotini pake. Hakusema, "Nilikuambia." Wale kina mama wa nyimbo walipopanda, hakuna aliyeimba mpaka tukafika Machakos.

Mnadhani baada ya hapo watu walimlaumu Kyalo? Thubutu! Mtaa mzima ulinilaumu mimi. Eti nimewavua nguo wakwe. Eti mwanamke mwenye heshima angenyamaza, ayamalize ndani ya nyumba. Wazee wa kanisa waliniita, wakanishauri niende Kithyoko na mbuzi kuomba msamaha. Mimi! Niliwauliza msamaha wa nini, wakasema wa maikrofoni.

Kyalo alikuja mara mbili. Mara ya kwanza kwa upole. Mara ya pili akaketi akakunja miguu na kuniambia, "Babu zetu walioa wawili, watatu. Kwani nimeua mtu?"

Nikamjibu kwamba sina ugomvi na babu zake. Babu zake walioa mchana, kila mtu akijua, na mke wa kwanza akijua. Ungeniambia, Kyalo. Ningekataa, ndiyo. Kukataa kulikuwa haki yangu, na wewe uliniibia.

Hakurudi tena. Wakili mmoja wa kike alinieleza kwamba hata cheti changu hakina nguvu. Kyalo alikuwa amemwoa Kalondu kwa mila, mahari na kila kitu, basi hakuwa huru kufunga ndoa nyingine kwa serikali. Kwa hiyo mimi, niliyepigiwa vigelegele na watu zaidi ya mia tatu, kumbe sikuwa nimeolewa hata siku moja!

Mwezi wa Machi nilijifungua msichana baada ya siku mbili za uchungu. Hakuna mtu wa Kithyoko aliyekuja. Mama mdogo alikuja na uji kwenye chupa. Nikaunywa, kwa sababu nilikuwa na njaa. Lakini sikumtazama.

Tangu siku hiyo namsalimia. Akiugua nampeleka hospitali. Amewahi kulia mbele yangu, akasema, "Nilitaka tu uwe na kwako, Mwikali." Najua alitaka hivyo, na hilo ndilo linalonichoma! Angekuwa adui ningemsahau. Watu huniambia nisamehe, nitapata amani. Nikisema nimemsamehe nitakuwa mwongo, na waongo tumeshakuwa nao wa kutosha katika familia hii.

Sasa niwaambie kilichonifanya nishike kalamu.

Miezi miwili iliyopita Kalondu alikuja barazani kwangu. Miaka karibu saba hatukuwa tumeonana. Alikuwa amebeba mfuko wa ndengu za shambani kwake na amefuatana na kijana wake mkubwa, mrefu, nyusi za baba yake.

"Sikuja kuomba msamaha, mimi sina kosa," alisema. "Nimekuja ili mtoto wako ajue ako na ndugu."

Tukanywa chai. Binti yangu akamtazama yule kaka mpaka kijana akaona haya. Walipokuwa nje, Kalondu akasogeza kiti.

"Kyalo haji tena mwisho wa mwezi," akasema. "Kuna msichana upande wa Athi River. Nasikia wamefunga kwa serikali, watu wanne tu. Amemwambia sherehe kubwa itakuwa Desemba."

Damu yangu ilichemka upya! Maneno yale yale! Mwezi ule ule! Nimemtafuta msichana huyo. Nimeuliza hapa na pale, sijui jina lake wala kazi yake. Ndiyo maana naandika hapa, mahali ambapo huenda akasoma, au dada yake, au jirani yake.

Wasomaji, sisemi harusi ndogo ni mbaya. Bi Zuhura ameozesha binti zake wawili sebuleni kwa watu kumi na wanaishi vizuri. Lakini kabla hujakubali, uliza ni kwa nini ndogo, na uliza ni nani hakualikwa. Nenda ulale kwao siku mbili kabla ya kuweka sahihi. Usimtume mtu akakuonee, hata aliyekulea. Ona kwa macho yako kila nyumba ya boma, na ile iliyofungwa omba ifunguliwe. Na wewe shangazi, wewe mjomba, wewe jirani unayejua na unanyamaza ili ule pilau... wewe nawe ni mwizi kama yeye!

Na wewe dada wa Athi River, ambaye sikujui. Labda ameshakununulia machungwa. Labda umeanza kushona gauni. Sikuchukii, na Kalondu hakuchukii. Lakini nakuomba, usingoje Desemba. Panda gari wiki hii hii uende Kithyoko, uulize nyumba ya Kalondu. Amesema atakufungulia mlango.